Safari isiyo na msiba wala harusi: kwa nini familia za Bunda hazitembei nyumbani kwao

Wiki chache kabla ya shule kufungwa tuliwauliza wasikilizaji wa kipindi chetu cha asubuhi swali jepesi: mara ya mwisho mliposafiri familia nzima, baba, mama na watoto, mlikuwa mnakwenda wapi? Simu ziliingia mfululizo. Msiba Tarime. Harusi Mwanza. Kumpeleka bibi kwenye matibabu Bugando. Krismasi kwa wakwe, Ukerewe. Kipindi kilikwisha bila hata mmoja kusema aliwatoa watoto ili watembee tu, waone kitu, wale samaki mahali, walale, kisha warudi. Baba mmoja wa Nyasura alitugeuzia swali. Alitaka kujua mtu mwenye akili timamu anapakiaje watoto kwenye gari bila kuwa na jambo la kumpeleka.

Studioni tulicheka, lakini swali lake ni zito kuliko linavyosikika. Tunaishi katika mji ambao watu wa Ulaya na Marekani wanauota. Ukitoka Bunda mjini kuelekea Mwanza, mwendo wa nusu saa hivi unafika geti la Ndabaka, mlango wa magharibi wa Hifadhi ya Taifa ya Serengeti. Hifadhi hiyo ilianzishwa mwaka 1951, ina ukubwa wa kilometa za mraba 14,763, na tangu 1981 imo katika orodha ya urithi wa dunia. Ukienda upande wa pili, kuelekea Musoma, unafika Butiama alikozaliwa na kuzikwa Baba wa Taifa. Magharibi yetu kuna Ziwa Victoria. Hata hivyo, watoto wengi wa Bunda wanamjua nyumbu kwa runinga, na Mwitongo wanaijua kwa mtihani wa historia.

Takwimu za Wizara ya Maliasili na Utalii zinaonyesha kwamba mwaka 2024 watalii wa ndani walizidi milioni 3, wakati mwaka 2021 hawakufika laki nane. Ni ongezeko kubwa, na kampeni zilizofuata filamu ya Royal Tour ya mwaka 2022 zilisaidia kuwafanya Watanzania waanze kujiona nao ni watalii. Tunachojiuliza ni wangapi kati ya hao ni familia, na wangapi wanatoka katika wilaya zinazopakana na hifadhi. Kwa tunayoyaona hapa, wengi wanaoingia ni wanafunzi kwenye basi la shule, wafanyakazi waliolipiwa na ofisi na vikundi vya sikukuu. Baba, mama na watoto watatu waliopanga wenyewe, kwa fedha yao, ni wa kutafutwa kwa tochi.

Jirani tunayemjua kwa ubaya wake

Sababu ya kwanza inayotajwa ni fedha, na tutaifikia. Lakini ipo nyingine ambayo vipeperushi vya utalii havina nafasi ya kuieleza. Kwa mkazi wa Kunzugu, Hunyari au Mariwanda, mnyamapori si kivutio. Ni tembo aliyeingia shambani usiku wa manane na kumaliza mahindi ya mwaka mzima. Ukimwambia mtu huyo alipie kiingilio akamwangalie tembo, anaweza kudhani unamfanyia dhihaka.

Kisha kuna Nyatwali. Wasikilizaji wetu wanaijua habari hii kuliko sisi: Serikali iliamua kata hiyo iliyo kando ya ziwa itwaliwe, wakazi walipwe fidia na kuhama, ili wanyama wafike majini bila kizuizi. Katika miaka hii ya karibuni tumetangaza vikao vya fidia, malalamiko na kuhama kwenyewe. Watu wamehamisha hata makaburi. Familia iliyopitia hayo haitaamka Jumamosi moja na kusema twende tukafurahie hifadhi, na sisi hatutawahubiria wafanye hivyo.

Hata hivyo tunaona hasara ndani yake. Mtoto anayekua akiijua Serengeti kama jirani mkorofi tu, ambaye hajawahi kuona ndani kuna nini, akikua atashindwa kushiriki mazungumzo yoyote kuhusu hifadhi hiyo isipokuwa yale ya kugombana. Nafasi za kazi za waongoza watalii na madereva, na zile za hotelini, zinachukuliwa na vijana wa mikoa mingine waliozaliwa wakiuona utalii kama kazi. Ukitaka mwanao aje kudai haki yake kwenye meza hiyo, itafaa awe ameshaingia ndani kwa miguu yake mwenyewe.

Tulivyoikosea mara ya kwanza

Tulijaribu wenyewe. Wafanyakazi watatu wa kituo na familia zetu, gari moja aina ya Noah na lingine la kuazima. Na tuliikosea vibaya, kwa kosa ambalo tunaamini familia nyingi zingelifanya.

Tulitaka kumaliza kila kitu kwa siku moja. Butiama asubuhi, chakula cha mchana Musoma, kisha turudi mbio tuingie Ndabaka jioni tuone simba. Kwenye karatasi ilikaa vizuri, maana Bunda hadi Musoma ni kama kilometa 75 tu. Barabarani mambo yalikuwa mengine. Butiama watoto walifika na njaa, tukawaharakisha. Musoma samaki alichelewa kuiva. Mtoto mmoja alitapika kabla ya kufika Kiabakari. Tulipofika Ndabaka jua lilikuwa linazama na geti halipokei tena wageni, na ilikuwa haki yao: saa za kuingia zinajulikana, wazembe tulikuwa sisi. Tukarudi Bunda gizani, kwenye barabara kuu yenye malori ya Sirari, bodaboda zisizo na taa na ng'ombe waliochelewa kurudi zizini. Ndani ya gari hakuna aliyekuwa anaongea na mwenzake.

Tulipokaa kujitathmini tuliona kwamba tumesafiri kwa mtindo wa msiba. Safari ya msiba ina saa ya kuwahi, ina mtu anayekusubiri, na njia yenyewe ni usumbufu wa kuvumilia. Ndiyo safari pekee tunayoijua, kwa hiyo hata tulipokwenda kustarehe tuliwahi kama watu wanaosubiriwa makaburini.

Mara ya pili tulichukua siku nne kwa maeneo yaleyale. Tukaweka sharti kwamba kila siku ni jambo moja kubwa tu, na saa kumi na mbili jioni gari limeegeshwa.

Butiama kwa taratibu

Siku ya kwanza ni Butiama peke yake. Unaondoka Bunda saa tatu asubuhi, mkiwa mmekunywa chai nyumbani, unashika barabara kuu hadi Makutano na hapo unaingia kulia. Kwa asiye na gari, haisi za Musoma zitamshusha Makutano, na kutoka hapo atapata usafiri wa kwenda Butiama, ingawa itabidi asubiri gari lijae. Beba maji, chapati na mayai ya kuchemsha. Mtoto aliyeshiba anasikiliza historia.

Makumbusho ya Mwalimu Julius K. Nyerere yalifunguliwa tarehe 2 Julai 1999. Tarehe hiyo inafaa kuelezwa kwa watoto: Mwalimu alikuwa bado hai. Alifariki London tarehe 14 Oktoba mwaka huohuo na kuzikwa kijijini tarehe 23. Kwa hiyo jengo lile halikuanza kama kumbukumbu ya marehemu. Kutoka hapo unakwenda Mwitongo, kwenye makazi ya familia, ambako kuna kaburi lake na makaburi ya wazazi wake, Chifu Burito na Mama Mugaya. Utaona nyumba aliyojengewa na jeshi, ambayo aliishi kwa muda mfupi tu kabla ya kuondoka kwenda kutibiwa. Utaona pia miamba mikubwa na miti, na upepo wa kilima kile unaelewa mwenyewe kwa nini mtu akiwa na Ikulu bado alitamani kurudi hapa.

Safari ya kwanza tulikaa Butiama dakika 40, ya pili saa nne. Tofauti yake ni maswali. Binti wa mwenzetu, wa darasa la tano, alimuuliza mwongozaji ni nani alikuwa anafua nguo za Rais, na mwongozaji akaanza kueleza maisha ya nyumba ile kwa namna ambayo hakuna kitabu cha shule kimewahi kutueleza. Hayo huyapati ukiwa unaangalia saa.

Usiku lala Musoma, na ulale mbili. Kuhamahama gesti kila usiku na watoto ni kazi ya kufungasha mizigo, si mapumziko. Tunashauri upige simu kabla na kuuliza wazi kama watoto wanatozwa kitanda chao, kwani tulikofikia bei iliongezeka tulipokwisha kushusha mabegi.

Siku ya pili watoto wapelekwe Mwisenge. Ndiyo shule ambayo Nyerere alianza masomo mwaka 1934, akiwa na umri wa miaka 12 hivi, na historia inasimulia kwamba alitembea kutoka Butiama umbali unaofikia kilometa 40. Sisi tuliwaambia watoto wahesabu dakika za gari kutoka Butiama hadi mjini, halafu wakisie angetumia muda gani kwa miguu. Mabishano yalichukua njia nzima. Shule ni shule, ina ratiba yake, kwa hiyo omba ruhusa kwa walimu na usiingie darasani na kamera kama mwenye mali.

Mchana uwe wa mji na ziwa. Musoma ni mji mdogo wenye umri mkubwa, uliokuwa kituo cha utawala tangu enzi za wakoloni na bandari ya meli za ziwani. Mwigobero mwaloni watoto wataona sangara, sato na dagaa wakishushwa, na wataona pia kazi inayolisha nusu ya mkoa huu. Jioni kaeni tu kando ya maji. Ukihisi hufanyi kitu, ujue safari imeanza kuwa safari.

Mwenye gari na hamu anaweza kusogea hadi daraja la Kirumi, mbele ya Makutano kwa barabara ya Tarime. Mto unaopita chini yake ni Mara, uleule ambao dunia nzima huwaona nyumbu wakiuvuka huku mamba wakisubiri. Unatoka vilima vya Mau nchini Kenya, unapita Masai Mara na kaskazini mwa Serengeti, na ukifika kwetu umetulia, umezungukwa na mafunjo, unaingia ziwani kimya. Watoto hawakuamini kuwa ni mto mmoja. Ilibidi tuchore ramani mchangani.

Juni, si Desemba

Siku ya tatu mnarudi Bunda, mnalala kwenye vitanda vyenu. Hili ndilo jambo ambalo mgeni wa Berlin hawezi kulipata kwa fedha yoyote: hoteli yako ya Serengeti ni nyumba yako. Geti hufunguliwa saa 12 asubuhi. Ukiondoka Bunda alfajiri kunapopambazuka, unaingia wakati wanyama bado wanatembea na jua halijawa kali.

Kosa kubwa la kalenda yetu ni Desemba. Kwa sababu ya Krismasi na likizo ndefu, familia zenye uwezo wa kutembea hutembea mwezi huo. Lakini Desemba ni mvua za vuli, na udongo mweusi wa ukanda wa magharibi ukinyeshewa, gari dogo linazama hadi mlangoni. Nyumbu nao wakati huo wako mbali, upande wa kusini. Kwa kawaida makundi yale makubwa hupita ukanda wetu, upande wa mto Grumeti, kati ya Mei na Julai kabla ya kuelekea kaskazini. Likizo ya katikati ya mwaka huanza mapema Juni hadi mapema Julai. Yaani nyumbu wanapita mlangoni mwetu watoto wakiwa nyumbani na barabara zikiwa kavu, na sisi tunaweka akiba ya kusafiri Desemba. Nyumbu hafuati kalenda, mwaka mwingine atawahi na mwingine atachelewa, lakini bahati ya Juni ni kubwa kuliko ya Desemba.

Sasa fedha. Kiwango tulicholipa sisi Watanzania kilikuwa shilingi 10,000 kwa mtu mzima na 2,000 kwa mtoto wa miaka 5 hadi 15, kabla ya kodi ya ongezeko la thamani. Familia ya wazazi wawili na watoto watatu ni 26,000, na ukiongeza kodi ya asilimia 18 inafika 30,680. Mgeni kutoka ng'ambo hulipa makumi ya dola kwa kichwa kimoja. Ada hupitiwa mara kwa mara, hivyo thibitisha kabla ya kwenda, na jua kwamba malipo ni kwa namba ya kumbukumbu kupitia benki au simu. Ukifika na noti mkononi utasumbuka.

Kwa hiyo si kiingilio kinachomzuia mtu wa Bunda. Ni gari. Katika bajeti yetu ya siku nne, gari na mafuta vilimeza zaidi ya nusu ya fedha yote, na gari linaloweza kuingia hifadhini bila wasiwasi ndilo ghali zaidi. Njia tuliyoiona inawezekana ni familia mbili tatu za mtaa mmoja kuchangia gari moja imara kwa siku ile ya Ndabaka tu, na siku nyingine kupanda haisi kama kawaida. Vikoba vyetu vinanunua sufuria na viti vya kukodisha. Sioni, na wenzangu hawaoni, kwa nini visiwe na mfuko wa kutembeza watoto.

Lipo pia la upande wa mamlaka. Stendi ya Bunda ina magari ya kwenda karibu kila mahali, lakini hatukuona gari hata moja la pamoja la kuwaingiza wananchi Ndabaka asubuhi na kuwarudisha jioni, hata kwa wiki mbili za Juni. Halmashauri na hifadhi wakikaa na wenye magari, hili halihitaji mfadhili. Na kwa kuwa ni watu wa hapa wanaoishi na tembo mwaka mzima, siku moja ya kuingia kwa watoto wa vijiji vya mpakani bila kulipa lisingekuwa ombi la ajabu. Tutalipeleka swali hili studioni kwa wahusika.

Wapo waliotuuliza kuhusu Ukerewe. Ni safari nzuri: unakwenda Kisorya, unavuka kwa kivuko hadi Rugezi, unafika Nansio. Ni kisiwa cha Aniceti Kitereza, aliyeandika habari za Myombekere na Bugonoka kwa Kikerewe na kusubiri miongo mingi hadi kitabu kitoke kwa Kiswahili. Lakini tunajua kilicho moyoni mwa watu. Tarehe 20 Septemba 2018 MV Nyerere ilipinduka karibu na Ukara, na waliopoteza maisha walizidi 200. Huwezi kumwambia mama aache hofu hiyo nyumbani. Unachoweza kumwambia ni avuke asubuhi, siku isiyo ya gulio, na akiona chombo kimejaa asubiri kinachofuata. Safari isiyo na jambo ina faida hiyo, hakuna mtu anayekusubiri ng'ambo.

Mugumu na ngome ya Wajerumani ya Ikoma tumeziacha kwa mwaka mwingine. Bujora pia, kwenye makumbusho ya Wasukuma pale Kisesa, ingawa iko njiani kwa yeyote anayekwenda Mwanza na ingefaa kusimama hata saa mbili.

Yule baba wa Nyasura alipiga simu tena tuliporudi hewani na simulizi hii. Alitaka kujua Noah tuliikodi kwa nani, na kama kiti cha mbele kinahesabiwa kwa bei ileile.